Sijaitwa Bado

Gombana na ndugu yako ukitaka, lakini usigombane na jina lake. Nawaambia mapema, giza halijaingia vizuri, anayetaka kuondoka aondoke.

Jua lilikuwa linazama. Fundi, mshona nguo, alitoka na shuka jeupe la kuagizwa kwapani akalipeleka kwenye nyumba ya marehemu mama yao. Nia yake ilikuwa afike mlangoni, akabidhi, arudi kwenye cherehani yake. Ndani anaishi dada yake, na hao wawili walikuwa hawajasemeshana tangu mama azikwe.

Kisa? Mama alipozidiwa, dada mtu hakumwita mdogo wake. Fundi alifika akakuta watu wanatoa viti nje. Akaapa pale pale, majirani wanasikia: "Hukuniita. Na mimi jina lako halitapita tena mdomoni mwangu."

Halikupita kweli. Akimtaja kwa watu, ni "huyo". Wakikutana njiani, ni "wewe, nipishe".

Mlango ulifunguliwa na mtoto wa kaka yao. Huyu ndiye aliyeliagiza shuka; alikuwa anatengeneza filamu, fupi, ya kutisha. Hana kampuni, hana mfadhili. Ana kamera ya kuazima, taa mbili, na binti mmoja wa kushika maiki, hedifoni kichwani kama masikio ya punda. Shangazi zake walimwita Mkurugenzi, kwa kumcheka.

"Shangazi, usiondoke. Mwigizaji wangu kaugua. Kaa tu kitandani umshike maiti mkono. Huna la kusema."

"Maiti ni nani?"

Mkurugenzi akakuna kichwa. "Shangazi mkubwa."

Fundi akacheka kwa pua. "Hapo umempata mwenyewe."

"Wanasema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime," alisema binti wa maiki. "Sisi tumechukua kamera."

Chumba ni kile kile. Kitanda ni kile kile alichofia mama. Dada mtu alishalala chali, poda usoni, macho kafumba. Fundi alipoinama kumfunika, akashikwa kidole.

Mkono ulikuwa wa baridi.

"Wakimaliza, niite kwa jina langu," dada alinong'ona. Ndiyo maneno yake ya kwanza tangu ule msiba. "Kitanda hiki si cha kuinuka ovyo. Usiku nalala chini mimi... Mama bado anauliza."

"Anauliza nini?"

"Kimya," alisema Mkurugenzi. "Tunarekodi."

Fundi akashika ule mkono. Taa ikamulika shuka. Shuka likapanda... likashuka. Likapanda... likashuka.

Kisha likatulia.

Ikaja harufu. Dawa ya kuchua, ile ya mama. Chupa yake ilitupwa zamani.

"Kata," alisema Mkurugenzi. "Safi sana. Shangazi, amka."

Maiti haikuamka.

Binti alibonyeza hedifoni masikioni. Maiki yake ilikuwa imefichwa chini ya mto. "Kuna mtu ananong'ona," alisema polepole. "Anasema... mdogo amefika?"

"Shangazi mkubwa, utani basi."

Wote wakamgeukia Fundi.

Jina lilimjia. Lilifika kwenye ncha ya ulimi, likakaa hapo kama kokoto. Moyo ukamwambia, ita, ni dada yako. Kiburi kikamwambia, hizi ni hila zake, anataka usalimu amri mbele ya watoto. Na kiburi kina sauti kubwa, nyie hamkijui.

"Inuka basi, wewe."

Shuka likainuka.

Aliinuka kwa ubavu wa kushoto... mkono kiunoni... anaguna. Dada mtu hakuwa na kiuno kibovu hata siku moja.

Mwenye kiuno alikuwa mama.

Akamtazama Fundi, akatabasamu. "Kifungo changu. Safari hii umewahi."

Utotoni Fundi alimeza kifungo cha shati. Tangu hapo mama alimwita hivyo akiwa anamsuka nywele, tena kwa kumnong'oneza sikioni. Labda dada aliwahi kusikiliza mlangoni. Labda.

Asubuhi Fundi alirudi peke yake. Alipiga magoti kando ya kitanda akalitaja lile jina, kwa upole, na machozi juu. Uso ulikuwa wa dada, kovu la kidevuni ni la dada.

"Huyo hayumo, mwanangu," alijibiwa. "Nichue kiuno."

Daktari alipima, akasema ni uchovu na uzee. Mzee gani, na dada mtu alikuwa bado anapanda ngazi akiimba?

Baadaye Mkurugenzi akaja dukani kwa Fundi na kompyuta yake, rangi imemtoka. "Shangazi, sikiliza hapa. Baada ya wewe kusema inuka."

Fundi akavaa hedifoni. Akasikia sauti yake mwenyewe: inuka basi, wewe. Kitanda kikalia. Halafu, karibu kabisa, kama mdomo uliobanwa na kitambaa...

"Sijaitwa bado."

Ilikuwa sauti ya dada yake.

"Sijaitwa bado... Mdogo wangu, niite."

Fundi akaita. Jina lote, la nyumbani, la shuleni, la utani. Aliita mpaka wateja wakaacha nguo zao wakatoka. Mkurugenzi akamvua hedifoni taratibu.

"Shangazi," alisema. "Filamu inasema tu. Haisikii."

Filamu ile haikuonyeshwa popote. Fundi alihamisha cherehani yake, ikawa chumbani kwa mama. Anachua, analisha, anageuza. Uuguzi wote alioulilia amepewa, na mgonjwa anazidi kukonda ndani ya mwili usio wake. Siku akifa wataenda wawili kaburi moja, na Fundi analijua hilo kila akitunga uzi kwenye sindano.

Jioni huvaa hedifoni alizoachiwa na Mkurugenzi pamoja na ile rekodi, akaliita lile jina kwa sauti ya chini.

"Unamwita nani kila siku, Kifungo?" sauti huuliza kutoka kitandani.

"Hakuna, mama."

Na masikioni mwake, kitambaa kikipumua...

"Sijaitwa bado."