Laini ya Pili

Marehemu alilala kifudifudi sebuleni, karibu na ruta yake ya intaneti. Plagi ya ruta ilikuwa imechomolewa ukutani.

"Kitu butu, kisogoni," alisema daktari wa polisi. "Pigo moja tu."

Pasi ilipatikana uvunguni mwa kochi. Ilikuwa imefutwa haraka haraka, lakini damu haina adabu, ilibaki kwenye kishikio.

Katika chumba cha pili alilala mama wa marehemu, aliyepooza upande mmoja. Kamera ndogo ilimtazama kutoka ukutani. Juu ya kabati kulikuwa na ruta nyingine, taa zake zinawaka. Inspekta alimwita mjane.

"Ruta mbili za nini?"

"Mume wangu aliziunganisha juzi. Ya sebuleni inatumia waya, hii laini ya simu. Moja ikikatika, nyingine inashika papo hapo. Alitaka kamera ya mama isizimike."

"Nani mwingine anajua?"

"Hakuna. Alinikataza kusema."

"Wakati wa tukio ulikuwa wapi?"

"Jikoni, naongea na mdogo wangu kwa video. Haikukatakata hata kidogo, ndiyo maana sikushtuka."

Aliyefuata ni shemeji yake, mdogo wa marehemu, ambaye ndiye aliyekuwa akimuuguza mama. Mikono yake ilinuka sabuni.

"Ulikuwa wapi?"

"Uani, afande. Nafua shuka za mama. Shemeji akapiga yowe, nikaja mbio."

"Dada zako umewaarifu?"

"Ningewaarifuje? Simu haina salio, na intaneti ilikatika nyumba nzima."

Njia ya mwongo ni fupi, lakini hii ilikuwa fupi mno. Inspekta hakufurahi hata kidogo.

"Nani alikuambia ilikatika?"

Yule bwana alitazama mikono yake.

"Shemeji yako alikuwa hewani muda wote. Humu ndani anayeamini ilikatika ni aliyechomoa plagi tu."

Yule bwana alikaa chini sakafuni.

"Kaka alikuwa anawatumia dada zetu picha za kamera."

"Picha za nini?"

"Mimi nikimpiga mama." Alifunika uso. "Namlisha mimi, namwogesha mimi, namgeuza mimi. Wao wanatuma salamu. Usiku analia tu, mkono ukanitoka. Halafu ukazoea. Kaka akasema leo ukoo mzima utaniona. Nilitaka zisifike, basi!"

"Zilifika," Inspekta alisema, akiangalia simu ya marehemu. "Laini ya pili ilizipitisha."

Alilia kama mtoto, na Inspekta alimchukia na kumhurumia kwa pamoja. Konstebo akamfunga pingu.

Sauti nzito ya mama ikatoka chumbani. "Mnampeleka wapi mwanangu?"

Inspekta akasimama mlangoni. "Mama, huyu ndiye aliyekuwa akikupiga."

"Najua. Mwacheni. Nani atanigeuza?"

Mjane alijifuta machozi kwa ncha ya kanga, akapita pembeni ya mwili wa mumewe, akaingia kumgeuza mkwewe.