Vikosi Sitini vya Chiriku

Kila siku baada ya masomo Chiriku alipitia hospitalini, si kwa ugonjwa, bali kwa sababu mama yake alikuwa mpishi mkuu wa jiko la wagonjwa. Alivaa aproni iliyomfika vifundoni, akaketi kwenye kigoda karibu na beseni la viazi, akamenya mpaka zamu ya mama ilipokwisha. Jina la Chiriku alipewa na wenzake wa darasa la saba kwa kupenda kusema. Alipoanza habari, ilibidi kengele ya mapumziko imsubiri amalize.

Lakini Alhamisi ile hakusema neno. Alimenya kiazi nusu, akakiacha, akachukua kingine. Alisimama kutazama saa ya ukutani, akaketi, akasimama tena.

"Mwanangu, unamenya viazi au unavichonga?" mama akauliza, huku akiinua ganda nene lililoanguka sakafuni. "Hili ganda lina chakula kingi kuliko kiazi chenyewe!"

Wapishi wakacheka. Chiriku naye alicheka, lakini kicheko hakikufika machoni. Alikuwa na wasiwasi, na sababu aliijua vizuri.

Klabu ya kompyuta ya shule yao ilikuwa ikishindana na shule nyingine tatu katika mchezo wa vita vya falme. Kila shule iliongoza ufalme mmoja kwenye ramani: ililima, ilijenga miji, iliunda jeshi na kulilisha. Walikuwa wamecheza kila Jumamosi kwa wiki sita. Sasa ilibaki Jumamosi moja tu, nayo ilikuwa na miezi sita ya mwisho ya mchezo. Shule yao iliwakilishwa na watu wawili. Chiriku alikuwa jenerali, kazi yake kuunda vikosi na kutunza ghala la nafaka. Mwenzake, mvulana aliyeitwa Kobe kwa kuwa hajibu swali kabla ya kulitafuna, ndiye aliyepanga vita.

Matatizo yalianza Jumamosi iliyopita, pale shule ya jirani ilipofikisha vikosi hamsini na tano. Wachezaji wake waliwapigia makofi ya dhihaka. "Nyinyi mna jeshi au mna kwaya?" walisema. Chiriku alipandwa na hasira. Hakupiga hesabu, alibonyeza tu. Aliunda kikosi baada ya kikosi mpaka akafika sitini, na alipoona ile namba kwenye kioo cha kompyuta alivimba kichwa.

Hapo ndipo alipotazama ghala. Kila kikosi kilikula mkokoteni mmoja wa nafaka kwa mwezi, na mashamba yake yote yalitoa mikokoteni thelathini na sita. Akiba iliyobaki ingetosha miezi miwili. Baada ya hapo askari wangeanza kufa njaa na kutoroka.

"Ghala likoje?" Kobe alimwuliza Jumamosi hiyo.

"Limejaa," alijibu.

Jumatatu Kobe aliuliza tena, naye akajibu vilevile. Jumatano aliuliza mara ya tatu, kwa sababu alikuwa akikamilisha mpango: vikosi sitini vingevamia njia ya mlimani na kuishikilia kwa miezi minne. Chiriku alisema, "Wewe panga tu, jeshi niachie mimi." Uongo wa kwanza ulimtoka kwa kuona aibu. Wa pili na wa tatu ulikuja kuulinda wa kwanza.

Sasa aliketi pale jikoni akiwaza miezi minne ya vita na miezi miwili ya chakula. Alijaribu kujiambia kwamba ni mchezo tu. Lakini Kobe alikuwa ameuchora ule mpango kwa kalamu za rangi tatu, na alimwamini. Kisu kikamteleza, kiazi kikadunda hadi chini ya meza.

Mama hakukiona. Alikuwa na lake. Asubuhi ile sufuria la uji lilikwisha kabla ya wodi ya watoto kupata, na wagonjwa tisa wadogo walikaa wakilia kwa njaa mpaka sufuria jingine likaiva. Tangu asubuhi mama alikuwa akipekua karatasi za hesabu ambazo kila wodi huleta jikoni, zenye idadi ya wagonjwa wa kulishwa. Uji ulikuwa wa sufuria moja tu, nao uligawiwa wodi kwa wodi kwa kufuata karatasi hizo.

"Nimepima vibaya mimi," alinung'unika. "Miaka kumi na minne katika jiko hili, leo watoto wamelia kwa ajili yangu."

Wakati huohuo mlango ulisukumwa. Aliingia muuguzi wa wodi namba tatu, mwanamke mnene mwenye sauti ya upole, akisukuma toroli. Juu yake yalikuwa mabakuli tisa ya uji uliopoa na kuganda. Hakuna aliyegusa hata kijiko.

"Mama, hukupima vibaya," alisema mbele ya wapishi wote. "Ni mimi. Wagonjwa wangu ni thelathini na mmoja. Leo niliandika arobaini, nisije nikapungukiwa. Sasa nimesikia watoto wamelia kwa njaa, nikaona siwezi kunyamaza. Naomba unisamehe."

Chiriku alingoja mama afoke, maana mama alipofoka hata vifuniko vya sufuria vilitikisika. Mama aliyatazama yale mabakuli.

"Sista, umeniudhi sana," alisema. "Ulikuwa na nia njema, lakini nia njema haijazi bakuli la mtoto." Kisha alichukua kalamu, akaifuta arobaini na kuandika thelathini na moja. "Ila umekuja kwa miguu yako. Sasa najua cha kugawa kesho. Ningeendelea kujilaumu, na kesho sufuria lingepungua tena."

Muuguzi alijifuta macho, akaanza kumsaidia mwosha vyombo kusugua mabakuli yake.

Chiriku alihisi uso ukimwaka moto. Yule alikuwa mtu mzima, mwenye sare na cheo, amesimama mbele ya watu kumi na kusema "ni mimi". Yeye alishindwa kumwambia rafiki mmoja tu. Njia nzima ya kurudi nyumbani alitembea mbele ya mama, kisha nyuma yake, kisha mbele tena.

"Wewe una nini?" mama akauliza.

Chiriku alimweleza yote, vikosi, nafaka, na uongo wa mara zote tatu. Mama hakujua chochote kuhusu falme za kwenye kompyuta, lakini habari ya kulisha watu wengi aliielewa mara moja.

"Huyo Kobe anajua?"

"Hajui."

"Basi unanieleza mimi ya nini? Mimi sina vita Jumamosi."

Asubuhi ya Ijumaa Chiriku alifika shuleni wa kwanza. Alizunguka langoni mara sita. Kobe alipotokea na daftari lake kwapani, alitamani kukimbilia chooni. Badala yake alisema bila kupumua, "Kobe ghala halijajaa halijawahi kujaa nilikudanganya, lina chakula cha miezi miwili tu."

Kobe aliyatafuna maneno hayo, kama kawaida yake. Mara hii yalikuwa machungu.

"Nilikuuliza mara tatu," alisema.

"Najua."

"Jana wale wa shule yenye ufalme wa mtoni waliomba tuungane nao, wangetulindia kivuko cha magharibi. Nimekataa, nao wameshaungana na wengine. Niliwaambia tuna vikosi sitini, hatuhitaji mtu." Alilibana daftari kwapani. "Umenifanya nionekane mjinga, Chiriku."

Akaondoka. Masomo ya asubuhi yalimpita Chiriku bila kuingia kichwani. Kila dakika aligeuka kumtazama Kobe, na Kobe hakugeuka hata mara moja. Kwa mara ya kwanza aliogopa kitu kikubwa kuliko kushindwa. Aliogopa kumpoteza rafiki.

Wakati wa mapumziko daftari lilitua juu ya dawati lake.

"Bado nimekasirika," Kobe alisema. "Kaa. Tupige hesabu."

Walipiga hesabu kwa penseli. Kobe aliona jambo jingine ambalo Chiriku hakuliona: baridi ikiingia, mashamba yangetoa nusu tu. Vikosi sitini visingemaliza hata hiyo miezi miwili. Iliwapasa kuvunja vikosi ishirini na vinne na kuwarudisha askari shambani, ili ghala lipate akiba kabla ya baridi. Waliobaki wangelinda daraja la kuingilia ufalme wao, basi. Habari ya kuvamia mlima ilikwisha.

Jumamosi, katika chumba cha kompyuta, Chiriku alivunja vikosi kimoja kimoja. Wapinzani waliona namba ikishuka kwenye kioo kikubwa. Wakaangua kicheko. "Jenerali amekuwa mkulima!" mmoja alipiga kelele. Vidole vya Chiriku vilimwasha kubonyeza kitufe cha kuunda jeshi, lakini aliendelea kuvunja mpaka namba ikafika thelathini na sita.

Jeshi la jirani lilichukua njia ya mlimani, kisha likapita kivukoni na kuuteka mji mmoja wa magharibi wa akina Chiriku. Lilipofika darajani ilikuwa katikati ya baridi, nalo likakuta vikosi thelathini na sita vilivyoshiba. Lilishambulia mara tatu, likashindwa mara tatu. Muda ukaisha. Matokeo yaliposomwa, shule ya jirani ilikuwa ya kwanza, ikiwazidi kwa mji mmoja tu.

"Tungepata wale walinzi wa kivuko, tungeshinda," Kobe alisema.

"Najua. Ni kosa langu," Chiriku alijibu.

Mwalimu wa hisabati, mlezi wa klabu, alikuwa ameshaisikia habari yote ya ghala. Alimgeukia Kobe. "Muhula ujao jenerali awe nani?"

Kobe alifikiri mpaka mwalimu akataka kurudia swali. "Chiriku," alisema.

"Baada ya uongo wote ule?"

"Mwalimu, hakuna aliyemkamata. Alikuja mwenyewe."

Chiriku alishindwa kujizuia, machozi yakamtoka pale pale.

"Msikilize vizuri mwenzako," mwalimu akamwambia. "Ulipomficha ukweli, hukumdhuru adui hata kidogo. Ulimdhuru huyu, kwa sababu ndiye aliyekuwa akipanga kwa kutegemea neno lako. Mtu anayekuamini akikuuliza kilichomo ghalani, mwambie kilichomo, hata kama ni aibu. Mkijua ni kidogo, mtakipangia pamoja."