Mguu Kivulini, Kichwa Juani

Kila siku, kabla jua halijachungulia juu ya mlima, Malineo alikuwa ameshika ufagio. Alifagia ua kuanzia mlangoni hadi kwenye uzio wa matete. Aliokota kila jani. Alifuta kila alama ya kuku. Huko kijijini Ha Mokuoane mke hupimwa kwa ua wake, na Malineo, ingawa mtoto wake Lineo alikuwa anasoma tayari, bado alikuwa akipimwa.

"Pale umeacha," alisema mama mkwe wake kutoka kwenye mkeka wake uani.

"Wapi, Mama?"

"Pale! Au unataka tufanane na Puleng?"

Mama mkwe huyo aliitwa Libuseng. Kijiji kizima kilimwita Nkhono, yaani bibi. Miguu yake ilikuwa imevimba, hakuweza tena kutoka nje ya uzio. Mwanawe Tankiso, mume wa Malineo, alikuwa mgodini ng'ambo ya mpaka. Alirudi nyumbani sikukuu, na si kila sikukuu.

Puleng alikuwa jirani yao. Ua wake ulijaa nyasi kavu, majani yaliyooza na mawe. Watu walimcheka, na Nkhono ndiye aliyecheka kwa sauti kuliko wote. "Puleng na ufagio hawajuani," alisema. "Hata kuku wake hupotea njia."

Lakini Nkhono alikuwa na hamu moja moyoni. Alitaka kuuona morarana.

Morarana ni mmea wa milimani unaotambaa. Karibu na mavuno huchanua maua meupe mengi, kama povu la maziwa, na harufu yake ni tamu. Zamani ulifunika mwamba wote wa kisimani. Mume wa Nkhono alipokwenda mgodini kwa miguu, Nkhono alichuma majani yake na kuyatandika ndani ya buti, ili njia isimle nyayo. Alifanya hivyo miaka mingi. Mwaka mmoja buti zilirudi, mwenyewe hakurudi.

"Nataka niuone tena kabla sijafa," alimwambia Malineo. "Nenda kisimani ukaniletee. Siombi kingine."

Malineo alichukua jembe akaenda. Kisimani alisimama, akashangaa. Watu wenye magunia walikuwa wamepita, wakang'oa mizizi wakauze mjini kama dawa. Mwamba ulikuwa mtupu. Ulibaki morarana mmoja tu, na ulikuwa umechanua. Malineo alichimba. Alisikia mizizi ikikatika ndani ya mawe.

"Nisamehe," alisema. Hakujua anauambia mmea au mwamba.

Aliupanda kando ya mlango, mahali palipopigwa na jua mchana kutwa. Nkhono alisimamia kazi.

"Ondoa hayo majani. Kanda samadi ya ng'ombe, siriba sakafu mpaka kwenye shina. Sitaki uchafu mlangoni kwangu."

Malineo alisiriba. Sakafu ilikauka ikawa ngumu kama chungu. Kila alfajiri alifagia kulizunguka shina, mpaka mizizi ikaonekana kama mishipa ya mkono wa mzee.

Haikuchukua muda. Maua yalidondoka. Majani yakaning'inia kama matambara.

"Umeuua," alisema Nkhono.

"Mama, nilifanya ulivyosema."

"Nilisema uue?"

Akageuza uso, akautazama ukuta. Tangu siku hiyo alizungumza kupitia kwa mtoto. "Lineo, mwambie mama yako chai imepoa." "Lineo, mwambie mama yako mimi sijafa bado, anifungulie dirisha." Malineo alikuwa pale pale, hatua mbili, akisikia yote.

Mwishowe alivuka uzio akaenda kwa Puleng. Alimkuta akichambua mboga.

"Heh! Umepotea?" Puleng aliuliza. "Huku ni kwa mchafu."

"Nimekuja kuomba maarifa, Mama."

"Maarifa tu?"

Malineo aliangalia chini. Naye alikuwa amecheka siku zile. "Na msamaha."

"Basi kaa. Ingiza mkono chini ya hizi nyasi."

Malineo aliingiza. Chini ya nyasi kavu udongo ulikuwa baridi na wenye unyevu, kama pua ya mbwa.

"Na ua wenu ukoje saa hizi?"

"Kama sufuria jikoni."

"Ndivyo. Sasa niambie, pale kisimani morarana ulikuwa umesimama wapi?"

"Katikati ya mawe."

"Mguu kivulini, kichwa juani. Ndivyo unavyotaka. Mizizi ikae baridi chini ya mawe, matawi yapande kutafuta jua. Ninyi mmeuvua viatu mkausimamisha juu ya jiko. Tena mmesiriba, maji yakakosa pa kuingia. Na kabla ya yote mliuchimba ukiwa mkubwa, umechanua. Mmea mkubwa wa mwambani hauhamishwi. Mizizi yake inabaki huko huko."

"Ulikuwa wa mwisho," alisema Malineo.

Puleng aliweka mboga chini. Kisha akampeleka nyuma ya nyumba. Palikuwa na morarana mchanga, ukipanda juu ya fito.

"Nilipoyaona yale magunia, nilikwenda kisimani na mfuko wa udongo," alisema. "Sikuchimba kitu. Nilichukua tawi la chini, nikaliinamisha, nikafukia kifundo chake ndani ya udongo, nikaweka jiwe juu. Likakaa mwaka mzima bado limeshikana na mama yake. Lilipoota mizizi, ndipo nikalikata nikaja nalo. Mama hakudhurika. Na huu nimeufanyia hivyo hivyo, tazama."

Akainua jiwe moja. Tawi lililofukiwa lilikuwa limeota mizizi. Akalikata, akalitia ndani ya kopo pamoja na udongo wake.

"Mpelekee."

"Baada ya yote aliyokuita?"

"Nampa mtu mwenye miguu mibovu, basi. Ila usimwambie ulikotoka. Atautupa."

Malineo alichagua mahali nyuma ya jiwe la kusagia, kando ya uzio wa matete, ambapo Nkhono aliweza kupaona kutoka kwenye mkeka. Alichimba shimo la kina cha kiwiko. Alichanganya udongo na samadi kuukuu iliyokwisha kupoa, kwa sababu samadi mbichi huunguza mizizi. Alizungushia mawe bapa, kisha akatandaza nyasi kavu nene juu yake, akiacha nafasi kidogo ili nyasi zisiguse shina. Alimwagilia chini, si juu ya majani. Halafu akanawa mikono vizuri, maana utomvu wake huwasha ngozi. Akamwonya Lineo asitafune hata jani moja.

"Lineo," Nkhono aliita, "muulize mama yako, uchafu gani ule?"

"Ni blanketi lake, Mama," Malineo alijibu mwenyewe. "Linazuia jua na baridi."

"Mmea una blanketi," alisema Nkhono, "na mimi nina mkwe mvivu."

Wanawake waliopita njiani walichungulia wakacheka. Malineo alifagia ua wote. Alipofika kwenye zile nyasi, aliinua ufagio.

Mmea ulipanda, ukashika matete, lakini mwaka ule haukuchanua. Kisha baridi ikashuka. Asubuhi moja umande uliganda, na majani yote yakawa ya kahawia, yakaanguka.

"Hata huu umeuua," alisema Nkhono. Safari hii hakumtumia mtoto. "Ung'oe. Nimechoka kutazama maiti uani kwangu."

Malineo alikwangua shina kwa ukucha, kama Puleng alivyomfundisha. Ndani palikuwa na kijani.

"Haujafa, Mama. Kila baridi hupukutisha majani. Umelala tu."

"Hata baba yake Tankiso waliniambia amelala."

Malineo aliinuka. Alikwenda kuchochea moto. Lakini hakuung'oa.

Theluji ilipoanguka, Nkhono Libuseng alifariki. Mara ya mwisho alipozungumza na Malineo aliomba maji, na alipopewa, akasema, "Ya moto mno."

Wanawake walipokuja kumfunika kwa blanketi lake, lile lenye michoro ya magunzi ya mahindi, waliona pembe moja haipo. Ilikuwa imekatwa kwa kisu, vibaya, kama kwa mkono unaotetemeka. Walitazamana.

"Hata blanketi zima mkwe wake alimnyima," mmoja alinong'ona, si kwa sauti ya chini sana.

Tankiso aliuliza mbele ya watu nani alikata blanketi la mama yake. Malineo alisema hajui. Hakuna aliyemwamini. Baada ya mazishi Tankiso alirudi mgodini, wala hakumuaga vizuri.

Baridi ilipolegea, Puleng alimwita Malineo kwenye uzio.

"Sasa ndiyo wakati wa kupogoa. Kata ncha zilizokauka, juu tu ya macho yaliyonona, yatakayochipua. Na ubadilishe nyasi."

Malineo alikata. Kisha akapiga magoti, akaondoa nyasi za zamani. Chini yake aliona kitambaa. Kilikuwa kimezungushwa kwenye mguu wa morarana na kubanwa kwa vijiwe viwili. Alikipangusa udongo. Kilikuwa na gunzi la mahindi.

Malineo alikitazama, kisha akatazama mkeka ulipokuwa. Kutoka pale hadi kwenye jiwe la kusagia si mbali kwa mtu mwenye miguu mizima. Kwa ile miguu, lazima alitambaa. Tena katika barafu. Na akarudi, akanyamaza, akaendelea kulalamika chai imepoa.

"Mama," alisema Malineo. "Si ungeniambia?"

Alilia pale chini mpaka Lineo akaja kumshika bega. Kisha akakirudisha kitambaa mahali pake, akaweka vijiwe vyake viwili, akafunika kwa nyasi mpya.

Mahindi yalipokaribia kukauka, morarana ulichanua. Uzio wote ukawa mweupe. Nyuki walikuja, na wale wanawake nao walikuja, wakauliza unapandwaje. Malineo aliwaonyesha wote, hata yule aliyenong'ona. Tawi moja alilifukia chini ya jiwe. Likishaota mizizi, litarudi mwambani kisimani, si guniani wala sokoni.

Puleng aliingia kwa mara ya kwanza kupitia lango kubwa. Akatazama maua, akatazama nyasi zilizotandazwa chini.

"Angekuwepo leo, angeniita mchafu?"

"Angekuita," alisema Malineo. "Na mimi mvivu."

Walicheka kidogo. Malineo alichukua ufagio akafagia mahali pa mkeka, akautandika ule mkeka wa zamani. Wakakaa hapo wawili, mahali ambapo maua yanaonekana vizuri.