Matufaa ya Mzee Mkasi

Mzee Mkasi alikuwa fundi cherehani. Jina hilo alipewa na wateja wake, kwa sababu mkono wake haukupinda. Kitambaa alichokikata kilinyooka utadhani kimepigwa rula.

Chumba cha mbele kilikuwa cha kushonea. Chumba cha nyuma kilikuwa jiko la mkewe. Katikati palikuwa na meza ya kulia. Kila Jumapili binti yao alikuja na watoto wake, wakala wote pamoja. Chakula kikiisha, mke wa fundi alitoa keki ya matunda kwenye oveni. Hapo ndipo utani ulipokolea. Babu na wajukuu waligombea kipande cha pembeni, na mara nyingi babu ndiye aliyeshinda.

Kisha Mzee Mkasi akapimwa, akaonekana ana ugonjwa wa kisukari.

Mkewe aliacha kuoka. Lakini wajukuu ni watoto, walikuja na biskuti zao. Mzee aliwatazama wakitafuna. Jumapili iliyofuata alibeba sahani yake akaenda kula mbele ya cherehani.

"Baba, njoo ukae nasi," binti yake aliita.

"Kuleni tu. Macho hayana pazia, mwanangu. Nikikaa hapo nitatamani."

Mkewe alisikia cherehani ikianza kulia kule mbele. Ugonjwa umeingia mwilini mwa mume wangu, aliwaza. Sasa unamtoa mezani pia. Wajukuu watamzoea vipi babu wa nyuma ya ukuta?

Wiki hiyo alipata wazo. Alioka keki ya matufaa bila sukari. Badala yake alitia asali nyingi na zabibu kavu.

"Asali ni ya nyuki," alimwambia mumewe. "Haikutoka kiwandani. Itamdhuru nani?"

Mzee alikula kwa raha, akaongeza. Zilipopita saa mbili alijichoma kidole na kupima. Kliniki ilikuwa imemwambia sukari isizidi kumi wakati huo. Kipimo kilisoma kumi na tano.

"Umeniponza, mke wangu."

"Mimi? Sikutia hata chembe ya sukari!"

Jioni mkewe alivuka ua kwenda kwa jirani yao. Jirani huyo alikuwa nesi katika kliniki ya kisukari. Alimsikiliza mpaka mwisho bila kumkatiza.

"Mama, wala usijilaumu," nesi alisema. "Wengi hudhani hivyo. Lakini damu haiulizi sukari imetoka wapi. Ya kiwandani, ya asali, ya zabibu kavu, zote hupandisha."

"Basi matunda ni sumu kwake?"

"Hapana. Matunda anaruhusiwa. Ila ale tunda lenyewe, siyo juisi yake. Tunda lina nyuzinyuzi, nazo huchelewesha sukari kuingia kwenye damu. La muhimu ni kiasi."

"Nami nilikuwa nataka tu arudi mezani, mwanangu."

"Jumamosi sina zamu," nesi alisema. "Washa oveni, nitakuja."

Jumamosi walikaa jikoni wawili. Mke wa fundi alichukua kisu amenye matufaa. Nesi akamshika mkono.

"Osha tu vizuri. Usimenye. Nyuzinyuzi nyingi ziko kwenye ganda."

Waliyakata vipande vyembamba. Walinyunyiza mdalasini na maji ya ndimu, wakayapanga kwenye trei. Kisha walichanganya karanga zilizotwangwa, unga kidogo wa ngano usiokobolewa na kijiko cha mafuta. Mchanganyiko huo waliumwaga juu kama makombo. Hawakutia sukari wala asali. Matufaa yalipolainika na makombo yakawa ya kahawia, harufu ilijaa nyumba nzima. Kule mbele, cherehani ilinyamaza.

"Tumemshika," nesi alinong'ona. Wakacheka.

"Sasa ale kiasi gani?"

"Kiasi cha nusu tufaa. Na siku hiyo mpunguzie wali au mkate, maana navyo hugeuka sukari mwilini. Dawa zake asiache. Apime kama kawaida. Na jambo moja zaidi, Mama. Akianza kutetemeka na kutoka jasho la ghafla, apime haraka. Kama sukari imeshuka sana, hapo anahitaji maji ya sukari upesi, siyo matufaa haya. Kisha mje kliniki."

Jumapili Mzee Mkasi alirudi mezani. Mkewe alimkatia kipande kimoja, akaiacha trei pale pale, akaenda kuosha vyombo. Alikuwa akiimba.

Baada ya saa mbili kipimo kilisoma kumi na tatu.

Wimbo ulimwishia mdomoni. "Basi," alisema. "Sioki tena. Heri tukose utamu kuliko nikupofushe macho kwa mkono wangu."

Alichukua trei aende kugawia majirani mabaki. Akasita. Aliyaacha mengi, sasa yalikuwa kidogo. Tena yeye alikuwa amekata ovyo ovyo. Sasa ukingo ulikuwa umenyooka kama pindo la suruali.

"Mzee, nani amekata hapa?"

"Mimi. Uliacha ukingo umepinda. Nikaunyoosha."

"Na ulivyovikata ulivipeleka wapi?"

"Ulitaka nivitupe? Chakula?"

"Uliunyoosha mara ngapi?"

Mzee alijikuna kidevu. "Ukinyoosha upande huu, upande wa pili unapinda. Ndiyo kazi ilivyo."

Binti yao alicheka mpaka akashika tumbo. Nesi, aliyekuja kuuliza hali, alijizuia asicheke, akamuuliza Mzee:

"Baba, mteja akija, unamkadiria kwa macho?"

"Aa! Lazima nimpime."

"Basi na hiki kina kipimo. Vipande vya kunyooshea navyo vinaingia kwenye hesabu."

Mzee aliinamisha kichwa. "Nimekuelewa. Lakini nikiona ukingo umepinda, mkono huenda wenyewe. Siutumi."

Mkewe hakumgombeza. Mazoea yana taabu, na mkono ule ulikuwa umenyoosha vitambaa tangu ujana wake. Leo aukataze vipi? Usiku alilala akiwaza. Asubuhi alifungua kabati, akatoa vibakuli vidogo vya udongo vilivyokaa humo bila kazi.

Jumapili nyingine kila mtu aliwekewa kibakuli chake, cha moto, kikinukia mdalasini. Kila kimoja kilikuwa na nusu tufaa. Katikati ya meza hapakuwa na trei.

Mzee alishika kisu. Alikizungusha kibakuli mara moja, akakizungusha tena.

"Mama watoto, mbona hapa hapana pa kunyoosha?"

"Hapana."

"Popote?"

"Ni duara, Mzee. Weka kisu chini, shika kijiko."

Meza nzima iliangua kicheko, naye akacheka kuliko wote. Alikula polepole. Kibakuli kilipokwisha, alikikwangua, akakisogeza pembeni. Hakudai kingine. Alianza kuwasimulia wajukuu kuhusu bwana harusi aliyekuja kujaribu suti akajifungia kabatini kwa bahati mbaya. Saa zikapita bila yeye kuinuka.

Binti yake alimletea kipimo pale pale alipoketi. Kilisoma nane.

Mkewe alikitazama mara mbili. Kisha alikaa, jambo ambalo hakuwa amelifanya tangu asubuhi.

Mlango wa mbele uligongwa. Alikuwa mteja, amefuata nguo yake.

"Mwambieni angoje kidogo," Mzee Mkasi alisema. "Niko mezani."