Shamba Moja, Wenyewe Wawili

Kila Jumamosi Seline na Dahabo walikuwa wanaenda shambani pamoja. Seline ni fundi wa nguo pale Kapsoya. Dahabo anauza mahindi kwa jumla. Walichanga sawasawa, wakanunua ekari mbili njia ya Plateau, na hati miliki ikaandikwa majina yote mawili. Majirani waliwaita mapacha. Mapacha gani, mmoja mrefu na mwingine mfupi hivyo!

Dahabo alijenga stoo yake mbele, karibu na lami. Seline naye alitaka kumjengea mama yake nyumba. Mama alikuwa amechoka kuhamahama kwa vyumba vya kupanga.

Jumamosi moja Seline akaja na lori la mawe. Likapita stoo, likakwama. Ua mpya wa seng'enge ulikuwa umekata shamba katikati, kutoka upande hadi upande.

"Dahabo! Hii ni nini?"

"Nimegawa. Mimi nimechukua mbele, wewe uko na nyuma. Nusu kwa nusu. Si ni sawa?"

"Na lori litapita wapi? Litaruka?"

"Sasa ulitaka nibebe stoo kwa kichwa?"

"Tutaonana kortini!"

"Twende! Wallahi siogopi."

Hasira hasara, watu wangu. Mawe yakamwagwa kando ya lami. Wiki nzima hawakusalimiana. Seline alilia, na hata mimi ningelia.

Jepchumba, jirani yao, ni sarveya, yaani mpima ardhi. Alichoka na kununa kwao, akawapeleka shambani wote wawili. Akalizunguka lote, kisha akamgeukia Dahabo.

"Hii seng'enge, toa. Hati ina majina mawili. Kila mmoja wenu ana nusu, lakini bado haijapimwa hiyo nusu iko wapi. Hakuna mtu wa kumkatia mwenzake kwa nguvu."

"Na tukikosa kupatana?" Seline akauliza.

"Yeyote kati yenu anaweza kumwomba msajili wa ardhi agawe. Mkizidi kubishana, kuna korti ya ardhi. Lakini kesi inaweza kwenda miaka, na mama yako anataka nyumba."

Dahabo akanung'unika. "Mbele ni moja tu. Hatuwezi kuipata sisi wote."

Jepchumba akacheka. "Kwani trekta hulima hapa namna gani?"

"Kutoka lami mpaka kule nyuma, kisimani. Dereva hataki mistari mifupi. Anasema atamaliza dizeli akigeuka."

"Ehe! Basi na nyinyi gaweni vile trekta inalima."

Wakatazama mistari ya mahindi. Yote ilianzia lami, ikaenda moja kwa moja mpaka nyuma. Shamba likigawanywa kwa urefu, kila mmoja ana mbele yake na nyuma yake. Stoo inabaki upande wa Dahabo, na lori linapita upande wa Seline.

"Woi!" Seline akasema. "Na tulitaka kwenda kortini!"

"Lakini kisima kiko upande wa Seline," Dahabo akasema.

"Njia ya kwenda kisimani tutaichora kwa ramani, na iandikishwe," Jepchumba akajibu. "Msitegemee urafiki peke yake. Wiki hii mmeuona."

Wakapatana, wakatia sahihi. Kwa kuwa ni shamba la kilimo, waliomba kwanza kibali cha Bodi ya Ardhi. Jepchumba akapima, akaweka mawe ya mpaka na kuchora ramani mpya. Msajili akafunga hati ya zamani, akatoa mbili. Sasa kila mmoja ana yake.

Mama yake Seline naye ameshahamia nyumba yake mwenyewe, na hakuna wa kumfukuza. Juzi alikuwa ameketi mlangoni na Seline, wakamwona Dahabo akipita na mtungi.

"Nani huyo anapita kwangu bila hodi?" Seline akaita.

"Napita kwa njia yangu! Imeandikwa!"

"Sawa, maji yameandikwa. Lakini chai haikuandikwa. Hiyo utaomba."

Dahabo akaweka mtungi chini, akaomba.