Kichwa cha Uongo

Kitendawili! Itikieni kwa sauti, nisikie. Ninaye mpangaji, anaishi katika nyumba ya mfupa isiyo na mlango. Akigongwa halii, akiumia humwoni damu, na siku akihama hakuna wa kumrudisha. Ni nani huyo?

Konokono? Wapi! Konokono ana mlango, tena anatokatoka. Mmeshindwa, basi nipeni mji. Nauchukua Wescott, kule Nebraska, katikati ya mashamba ya mahindi, mji wenye chuo kimoja na uwanja mmoja wa mpira. Na mpangaji wangu ni ubongo. Sasa tulieni, niwaambie jinsi Lonnie Sobotka alivyomtendea wake.

Lonnie alikuwa akiamka kabla ya jua, anakwenda kunyanyua vyuma na wenzake, kisha darasani kusoma hesabu, na jioni uwanjani. Mpira wenyewe ni ule wa Kimarekani, wenye umbo la yai, unaobebwa mikononi huku watu wenye helmeti wakikimbizana na kuangushana. Wenzake wengi waliitwa na chuo na kusomeshwa bure kwa sababu ya mpira. Lonnie hakuitwa na mtu. Alikwenda mwenyewe siku ya majaribio, akapokelewa. Wachezaji wa namna hiyo waliitwa wajileta, na makabati yao yalikuwa mwisho kabisa wa chumba, jirani na mashine za kufulia.

Kazi ya wajileta ilikuwa kuigiza. Kila wiki walitazama uchezaji wa timu itakayokuja Jumamosi, wakavaa namba za wachezaji wake na kucheza kama wao, ili wakubwa wapate watu wa kujifunzia kuangusha. Wiki hii Lonnie alikuwa mkimbiaji wa kukwepakwepa, wiki inayofuata alikuwa mwingine wa kupenya kwa mabega. Alibwagwa chini kama gunia la mahindi, akainuka, akabwagwa tena. Lakini aliigiza vizuri mno.

"Sobotka!" Kocha Brandvold alicheka kila mara. "Hata kuchechemea unachechemea kama yeye!"

Jumamosi, mechi yenyewe ikichezwa, Lonnie alisimama pembeni. Mama yake, Darlene, dereva wa basi la shule, hakukosa hata mechi moja. Alikaa kwenye baridi na chupa yake ya kahawa, akimtazama mwanawe amesimama.

"Wako ni yupi?" jirani wa kiti alimwuliza.

"Yule msafi," Darlene alijibu. "Jezi yake huwezi kuikuta na doa. Watoto wenu wanawatesa kwa kufua, wangu ana huruma."

Watu walicheka, na yeye akacheka. Lonnie alisikia. Tangu siku hiyo alitaka jambo moja tu duniani: mama yake amwone amechafuka.

Nimeruka kitu, ngoja nirudi nyuma kidogo. Mchezaji mpya, kabla hajagusa mpira, alipimwa kichwa na muuguzi wa timu, Bi. Okerlund. Alikaa mbele ya kompyuta, akaonyeshwa maneno na maumbo, kisha akaulizwa anakumbuka yapi. Akigongwa siku ya mbele, alipimwa tena, na kompyuta ililinganisha kichwa cha leo na kile cha siku ya kwanza. Akionekana ameshuka, alikaa nje mpaka apone.

Siku ya kipimo cha Lonnie, nahodha Duke Prentiss alimvuta pembeni kwenye ujia.

"Dogo, sikiliza. Humo ndani jifanye mjinga."

"Mjinga vipi?"

"Mjinga wa kawaida tu! Sahau sahau maneno. Ukishajiweka chini leo, siku ukigongwa utaonekana uko palepale. Hakuna wa kukutoa."

"Si udanganyifu huo?"

Duke alimtazama kama mtu anayetazama ng'ombe aliyeingia kanisani. "Wewe mjileta. Ukikaa nje wiki moja, nani atakumbuka jina lako? Sisi sote tumefanya hivyo."

Lonnie aliingia, akaketi, akafanya alivyofundishwa. Bi. Okerlund, mama mnene mwenye miwani kwenye kamba, aliangalia majibu, akamwangalia na yeye.

"Si wewe ndiye unayesoma hesabu?"

"Ndimi, Bi. Okerlund."

"Na umeshindwa kukumbuka neno 'kijiko'?"

"Sikulala vizuri."

"Haya," alisema, na foleni ikaendelea.

Miaka miwili ilipita, Lonnie akiigiza watu. Kisha, mwanzoni mwa msimu wake wa tatu, Kocha Brandvold alimwita mbele ya wote.

"Sobotka, Jumamosi unaingia. Mpira ukipigwa mbali, wewe ni kukimbia mpaka kwa atakayeudaka, umlaze chini. Mwambie mama yako anunue sabuni."

Chumba kizima kilipiga kelele. Jioni ile ile, katika mazoezi, Lonnie akiwa amevaa namba ya mtu mwingine, mchezaji mmoja mkubwa alimfuata kwa kasi na kumgonga helmeti kwa helmeti. Alipoinuka, nyasi zilikuwa zikielea na taa za uwanja zilikuwa na pete. Alikwenda kusimama upande wa timu isiyo yake. Wenzake walidhani anatania, bado anaigiza.

Bi. Okerlund hakucheka. Alimshika mkono mpaka chumbani kwake, akampima tena. Kompyuta ilifikiri, ikatoa jibu: hakuna tofauti na siku ya kwanza. Muuguzi alivua miwani, akavuta kiti karibu.

"Lonnie, nakuuliza kwa wema. Kile kipimo chako cha kwanza, kilikuwa kichwa chako kweli?"

Lonnie aliinama kufunga kamba za viatu ambazo tayari zilikuwa zimefungwa. Kichwa kilimgonga kama mlango unaobishwa. Aliiona Jumamosi, akamwona mama yake na chupa ya kahawa.

Bi. Okerlund alisubiri, akasubiri. Mwisho alisema, "Macho yako siyapendi. Lakini kocha ataniuliza nimeona nini, na sina cha kumwonyesha."

Jumamosi ilikuja. Mpira ulipigwa, Lonnie akatimka kuliko wote, akamfikia mdakaji na kumwangusha chini. Darlene alisimama juu ya kiti chake akipiga mayowe, "Amechafuka! Mwangalieni, amechafuka!" Alikuwa bado anapiga mayowe alipoona kwamba yule mwingine ameinuka na wake hajainuka.

Siwafichi, watoto wangu, yaliyofuata hayakuwa mazuri. Hospitalini walimfungua fuvu kuondoa damu iliyokuwa ikiukandamiza ubongo. Alipozinduka, aliuliza, "Mama, tulishinda?"

"Tulishindwa, mwanangu."

Uso ulimwanguka, machozi yakamtoka. Baada ya muda mfupi akageuka. "Mama, tulishinda?" Akaambiwa, akalia upya, kana kwamba ndiyo kwanza anasikia. Ikawa hivyo mchana kutwa. Mwishowe Darlene, ambaye hakuwahi kumdanganya mwanawe, alimshika mkono na kusema, "Ndiyo, tulishinda." Akatoka hadi kwenye ujia, akalia huko.

Kucheza kulikwisha. Hesabu zilikwisha pia, maana namba zilimkimbia kwenye ukurasa. Hakuweza tena kuendesha gari, na jua la mchana lilimchoma macho mpaka avae miwani myeusi. Wescott nzima ilitafuta wa kumlaumu, ikampata Bi. Okerlund. Si ndiye aliyempima? Si ndiye aliyemruhusu? Darlene aliacha kumsalimia. Kwenye chakula cha kanisa, muuguzi alipoketi meza moja naye, Darlene alichukua sahani yake na kuhama, mbele ya watu wote. Bi. Okerlund aliendelea kula viazi vyake. Lonnie aliona yote hayo kupitia miwani yake myeusi, akainamia sahani yake. Akiwaambia ukweli, mama yake atajua nani alimvunja mwanawe.

Kocha Brandvold alimpa filimbi. "Huwezi kucheza tena," alimwambia, "lakini umeigiza kila mchezaji wa ligi hii. Njoo uwafundishe wajileta."

Na kumbe aliiweza kazi. Mengi aliyasahau, ila miguu ya watu aliikumbuka. "Huyu kabla hajageuka kulia hushusha bega, hivi. Na huyu ni mwongo, akitazama huku anakwenda kule." Vijana walimpenda, wakamwita Kocha Lonnie, shujaa aliyepatwa na bahati mbaya. Kila wakisema bahati mbaya, aliangalia pembeni.

Miongoni mwao alikuwapo Isaiah Tuttle, mjileta mwembamba mwenye mdomo usiochoka. Siku ya vipimo, Lonnie alimkuta kwenye ujia akicheka na wenzake.

"Nimesahau hata siku niliyozaliwa!" Tuttle alikuwa akisema. "Kompyuta imenionea huruma." Akamwona Lonnie, akatabasamu. "Kocha, usituangalie hivyo bwana. Kwani enzi zenu hamkufanya?"

Lonnie alitaka kusema. Akasema tu, "Nendeni mkavae."

Msimu ulipokolea, jioni moja ya mazoezi, Tuttle aligongwa. Aliinuka upesi, akafanya mzaha, akaenda kunywa maji na kuyamimina kwenye shati lake akidhani ni mdomoni. Vijana walicheka. Lonnie hakucheka. Alimpeleka mwenyewe kwa Bi. Okerlund. Kompyuta ilifikiri, ikasema hakuna tofauti.

"Si nimewaambia!" Tuttle alisema, akanyoosha mkono kuchukua helmeti yake. Lonnie aliiwahi, akaikumbatia kifuani.

"Nipe, Kocha. Jumamosi naingia mara ya kwanza. Bibi yangu anakuja."

"Hutaingia."

Kocha Brandvold alikuwa ameingia mlangoni. "Vipi hapa? Kompyuta inasema nini?"

"Inasema mzima," alijibu Bi. Okerlund taratibu.

"Basi Lonnie, mrudishie kijana kofia yake. Au nipe sababu. Sababu moja tu, atakaa nje mpaka apone."

Mlango ulifunguliwa tena. Alikuwa Darlene, funguo za gari mkononi, amekuja kumchukua mwanawe kama kila jioni. Alimwona muuguzi, akakaza uso, akabaki amesimama kizingitini. Tuttle alikuwa akipepesa macho kwa mwanga wa taa. Lonnie aliyajua macho yale, yalikuwa yake.

Bi. Okerlund alivua miwani, akamgeukia Tuttle.

"Mwanangu, hii mashine haina akili. Kazi yake ni kulinganisha ulichoipa jana na unachoipa leo. Ukiipa kichwa cha uongo, mimi nitakilinda kichwa cha uongo kwa nguvu zangu zote, na kile cha kweli kitatoka nje kugongwa bila mlinzi. Ukweli hausemwi ili kumfurahisha muuguzi. Unasemwa ili anayetaka kukusaidia ajue akushike wapi."

Tuttle alitazama sakafu. Muuguzi alivaa miwani yake, na safari hii hakumtazama Tuttle.

"Lonnie, kuna kitu niliwahi kukuuliza ukiwa kwenye kiti hichohicho. Sijakuuliza tena, na leo sikulazimishi."

Lonnie alivua miwani myeusi. Mwanga ulimchoma, akauacha umchome. Alimtazama mama yake kwanza, kisha muuguzi.

"Hapana, Bi. Okerlund," alisema. "Hakikuwa kichwa changu. Siku ile niliyakumbuka maneno yote."