Shujaa Aliyekwama kwa Nesta

Jamani, haya hayakunipata mimi, yalimpata shoga yangu Nesta, yule anayewawekea watu magemu ya kompyuta kwenye flashi pale mjini Mpemba, karibu na mpaka. Magemu yenyewe yamechakachuliwa, basi watu wa leseni wakionekana barabarani anajifungia ndani, jirani yake Atupele anaweka kufuli kwa nje, duka lionekane limefungwa. Nilivyomcheka! Mama mzima unafungiwa kama kuku!

Siku hiyo alikuwa anajaribu gemu jipya la shujaa wa kuruka hewani, ana joho la kijani, kazi yake kuokoa watu. Likagoma. Shujaa kasimama kwenye chumba cha giza, kageukia mlango wa bati, anagonga tu. Go, go, go. Na kale kamziki ka magemu ya wizi, ti-ri-ri, hakanyamazi.

Mara watu wa leseni hao! Atupele kafunga kufuli, kavuka mpaka, kaenda zake Nakonde kuuza nyanya. Umeme ukakatika.

Kompyuta ikazima, giza tii. Kamziki kakaendelea. Kugonga nako kukaendelea, tena mgongoni kwake kabisa.

Nesta akapiga bati la mlango wa duka kwa ngumi. "Atu! Dada yangu, nifungulie, nakufa!"

Kila akipumzika, nyuma yake panagongwa vilevile.

Atupele aliporudi akafungua, anacheka. "We Nesta, giza tu ndo linakuliza?"

Umeme ukarudi, kompyuta ikawaka yenyewe. Kwenye skrini, chumba kilekile cha shujaa. Mlango wa bati uko wazi, na ndani hamna mtu.